Mkono wa Kushika Kiwiko

Siku tulipomzika, mtu mmoja wa ukoo alisimama akasoma historia ya marehemu: alizaliwa wapi, baba yake nani, alibatizwa lini, ameacha watoto na wajukuu wangapi. Mimi nilikaa mstari wa mbele, maana jeneza lilitoka karakana yangu na gari lililolibeba ni langu, lakini kipaza sauti hakikunifikia. Basi hapa naandika ambayo ningeyasema. Yale waliyoyasoma sitayarudia. Juu ya mikono yake hawakusema hata neno.

Walimwita fundi hodari. Hilo si kweli. Kihanga nzima, kule Karagwe, ilimwita Mwalimu, ingawa hakuwahi kushika chaki. Alikuwa na karakana ya mbao kando ya barabara, mbele ya nyumba yake, na vijana tuliofundishwa pale ni wengi. Ila kwa kazi ya mkono yenyewe, mafundi waliomzidi walikuwepo, na wa kwanza nilikuwa mimi. Nalisema bila kuona haya. Mimi niliacha shule darasa la tano, na leo nina karakana Nyakatuntu, huku Kyerwa, nina mashine ya kuranda ya umeme, nina mashine za kuchomelea, na nyumba yangu watu wakipita na pikipiki wanapunguza mwendo. Sikurithi hata bawaba. Msumari nikiupiga, unazama. Yeye aliupiga, akaukosa, akajigonga kidole gumba, kisha akautazama ule msumari kama mtu aliyetukanwa na mtoto. Kidole gumba chake cha kushoto kilikuwa kimechakaa kama kisiki cha mgomba.

Kilichomfanya aitwe Mwalimu ni swali lake.

Ulikuwa unachora kiti kwa chaki juu ya ubao, unamweleza: hapa mtu atakaa, hapa mtu ataegemea. Yeye anachomeka penseli sikioni.

"Ukisema mtu, umemwona nani?"

"Mtu tu, Mwalimu."

"Mtu tu hana makalio. Umemwona nani?"

Ukijichunguza kweli, unamkuta huyo mtu uliyemwona. Siku zote ni mwanamume. Ana nguvu, ana miguu miwili mizima, urefu wake ni wako. Mara nyingine amevaa hata shati lako. Mwalimu alisema hiyo si roho mbaya, ni uvivu wa macho. Jicho likiachwa lijiongoze lenyewe linarudi kwao, kama mbuzi jioni. Na mbuzi wa kurudi mwenyewe, alisema, usimsifu kuwa anajua njia. Anajua njia moja.

Mimi swali lile lilinichosha. Nilikuja kujifunza kazi, sikuja kuhojiwa. Halafu ikaja habari ya vichanja.

Kikundi cha akina mama wa Bugomora walitaka vichanja, zile meza za wavu za kuanikia kahawa isiguse udongo. Mwalimu alinipa kazi yote, kuchora mpaka kupigilia. Nikatengeneza vichanja ambavyo hata sasa nikivikumbuka naona ni kazi. Vilikuwa virefu, kuku hawaruki, mbuzi hafiki. Vilikuwa vipana, kwa hiyo miguu ikawa michache na mbao nikaziokoa. Tulivipeleka, tukashangiliwa, tukala ndizi na maharage, tukarudi.

Kahawa ilipoanza kuiva Mwalimu akaenda kule peke yake kuvitazama. Aliporudi aliniuliza tu kama kuku kweli hawafiki. Nikamwambia hawafiki. Kesho yake nikaikuta meza yangu ya kazi imeinuliwa kwa matofali, ubao wake uko usawa wa kifua changu.

"Nani kaichezea meza yangu?"

"Ameitengeneza mtu mrefu," alisema, huku akinoa tindo. "Meza nzuri hiyo. Kuku hawafiki."

Kwa ubishi nikafanya kazi hivyohivyo. Kufika saa sita mabega yalikuwa yanawaka, na randa nilikuwa naisukuma kwa kidevu. Ndipo aliponiambia. Akina mama wa Bugomora walikuwa wanapanda juu ya vichanja vyangu kwa magoti ili waifikie kahawa ya katikati, waigeuze, wachambue mbovu. Wavu ulikuwa umeanza kulegea. Mmoja wao alikuwa mjamzito. Asiyeweza kupanda aliiacha, na kahawa ya katikati ilikuwa imeota ukungu.

"Lakini vichanja ni vizuri," nikasema.

"Vizuri sana. Kwa nani?"

Tulirudi kule na misumeno. Mwenyekiti wa kikundi, mama mfupi mwenye sauti ya kuita watu ng'ambo ya bonde, alinizunguka akinitazama toka kichwani mpaka viatu.

"Ndiye huyu?"

"Ndiye," Mwalimu akasema.

"Waitu, kijana, kwenu mama yako anaanika kahawa kwa ngazi?"

Walicheka mpaka wengine wakakaa chini. Mimi sikucheka. Mama yangu mzazi alianika kahawa maisha yake yote, na mimi nilimwona kila siku, na nilipochora kichanja sikumwona hata mara moja. Nilijiona mimi nimesimama pale, mtu ambaye tangu azaliwe hajawahi kuchambua kahawa. Mwalimu hakupima meza siku ile. Aliwaomba wafanye kazi kama kawaida, yeye akapima viwiko vyao, na umbali ambao mkono unafika bila mgongo kupinda. Tukakata, tukapunguza upana, tukashusha. Leo vichanja vyembamba vya namna ile mnaviona kila kibanja cha migomba na kahawa huku Kyerwa, na wanaoviiga hawasemi vimetoka kwa nani. Vimetoka kwangu.

Msidhani yeye alikuwa hakosei. Alikosea, na kosa lake alilitundika ukutani.

Alikuja kwake mteja mmoja, mkulima kibarua wa pale jirani. Familia yake ilitoka Rwanda zamani, yeye mwenyewe kazaliwa hapahapa na anaimba kwaya kanisani. Akaagiza rafu. Mwalimu, yule wa maswali, hakuuliza kitu. Alitengeneza rafu ya mninga safi, yenye matundu ya duara, yamepigwa msasa mpaka yanateleza. Mteja akaja, akaingiza ngumi kwenye tundu moja, akaitoa.

"Mwalimu, haya matundu ni ya nini?"

"Ya vibuyu vya maziwa."

"Maziwa ya nani?"

Mwalimu akayatazama matundu yake.

"Mimi sina hata mbuzi," yule bwana akasema, kwa upole kabisa. "Nalima migomba ya watu. Nilitaka rafu ya sahani. Mke wangu ana sahani za harusi, mpaka leo ziko kwenye sanduku."

Mwalimu alimtengenezea nyingine. Ile ya matundu akaipigilia ukutani, juu ya mlango wa karakana, akapanga humo makopo ya gundi. Aliiita shahidi. Baadaye mashahidi waliongezeka: mpini wa jembe, kiti cha mtoto, na mguu mmoja wa kichanja changu, ambao uliwekwa pale bila idhini yangu. Mteja akiuliza, anasimuliwa. Niliona ni kujidhalilisha mbele ya watu wa kazi, nikamwambia. Akasema ukuta unamsaidia, kwa sababu ugonjwa ule hauponi.

"Hata sasa," alisema, "akiingia mtu wa Rwanda, naona ng'ombe kwanza. Tofauti ni moja. Sasa ng'ombe namwona akiingia, namfukuza kabla sijashika msumeno."

Alikuwa na mambo ambayo hayakukaa pamoja. Kofia yake ya kanisani alikuwa hamruhusu mtu aiguse, lakini suruali ya kazi ilishonwa kwa waya. Chai ya wanafunzi aliipima kama dawa. Alipinda mgongo mbele ya bibi kizee wa watu amwoneshe anavyoinuka kitandani, ila jiko la nyumbani kwake lilikuwa na kizingiti ambacho mke wake alikiruka na masufuria ya moto mwaka nenda mwaka rudi. Mama, mke wake, ambaye sisi wote alitulisha, hakuwa mtu wa kunyamaza.

"Huyu amepima viwiko vya wanawake wote wa Karagwe," alituambia. "Vyangu bado viko kwenye foleni."

Mwalimu alijifanya anatafuta msumari.

Kuna desturi ambayo hakuiacha kamwe. Mteja hazungumzi kazi kabla ya kahawa. Sisemi ya kunywa. Nasema ile ya kwetu ya kutafuna, inayochemshwa na maganda yake pamoja na majani yenye harufu, ikakaushwa. Aliiweka kwenye kikapu kidogo cha kusuka chenye mfuniko wa ncha. Mgeni akikaa, Mwalimu anachota punje chache kwa mkono wa kulia, anampa, na mkono wa kushoto umeshika kiwiko cha kulia kwa heshima, kama tulivyofunzwa sote. Ukimpa mtu kitu kwa kushoto umemtukana, na mwenye nyumba ambaye hakupi kahawa hajakukaribisha.

Tatizo ni kwamba ule mkono wa kulia haukutulia. Kila mara alimwaga. Punje moja au mbili zilianguka sakafuni, na kuku wa pale walizoea. Wakimwona anafungua kikapu wanajipanga. Tulikuwa tunasema kuku wa Mwalimu hawalali usiku.

Asubuhi moja niliwahi kazini mapema, nia yangu nimalize mlango kabla wenzangu hawajaona. Nikiwa bado nje nikasikia randa. Sijawahi kusikia randa ya pale ikilia vile. Ilikuwa inateleza moja kwa moja kutoka mwanzo wa ubao mpaka mwisho. Nikachungulia. Alikuwa Mwalimu, peke yake, ameushika mpini kwa kushoto. Maranda yalitoka marefu, membamba, hayakatiki, yamelala miguuni kama utepe wa harusi. Aliponiona alihamisha mikono. Randa ikaanza kugugumiza kama siku zote.

"Mwalimu, wewe ni mashoto."

"Nilikuwa."

Akanionesha nyuma ya vidole vya kushoto, alama za fimbo za zamani, ambazo miaka yote nilidhani ni za tindo. Alipokuwa mdogo, wakati wa kula mkono ule ulifungwa kiunoni kwa kamba ya mgomba. Ulifungwa mpaka ukaijua kazi yake. Alisimulia kama mtu anayeeleza alivyomfundisha mbwa asiingie ndani.

"Kazi yake ipi?"

"Kushika kiwiko."

Sasa hapo ndipo ambapo sikumwelewa. Mtu huyuhuyu hakutengeneza mpini wa panga bila kuuliza unatumia mkono upi. Kuna dada mmoja mshonaji, mashoto, alimgeuzia meza nzima ya cherehani, na mama mkwe wa yule dada alipokuja kulalamika kuwa anaharibiwa mkamwana, Mwalimu alimjibu: "Mama, nguo ulizovaa zimeshonwa na mkono huohuo." Nikamuuliza, mbona wewe mwenyewe unateseka na randa? Alisema, mimi nilishafundishwa. Akafunga mazungumzo, akarudi kugugumiza ubao wake. Nilimwacha. Nilikuwa na mlango wa kumaliza, na kwa kweli kumshinda bwana wako kwa nyundo si jambo baya.

Nikaenda zangu Kyerwa, nikawa mtu. Hayo mnayajua.

Kiharusi kilimkuta kwenye migomba yake, kikauchukua upande wa kulia. Maneno yalirudi, mguu ukarudi kidogo, mkono haukurudi. Baada ya muda Mama alinipigia simu.

"Njoo umwone mwenzako. Hali chakula."

"Hawezi kula?"

"Kula anaweza. Hataki kulishwa, na ule mkono mwingine hataki kuutumia mtu akiwepo, hata mimi. Nikiweka sahani nikatoka, anakula kidogo kama mwizi. Wageni wakiwepo hali kabisa. Na wageni wa kumjulia hali ni wengi, wanashinda. Kikapu cha kahawa ameniambia nikifiche. Mchungaji alikuja, akajifanya amelala. Suruali zinamvuka, waitu. Atakufa na njaa ndani ya nyumba yenye ndizi."

Mimi si mtu wa kupeleka pole mikono mitupu. Nilitengeneza kiti. Mabomba ya chuma nilichomelea mwenyewe, sikumwachia mtu, magurudumu ya baiskeli, godoro la kukalia, mkanda wa kumfunga asianguke, meza ndogo mbele ya kuwekea bakuli la kulishwa, na nyuma mpini wa msukumaji. Rangi ya bluu. Karagwe na Kyerwa hakijawahi kutoka kiti kama kile. Nikakipakia garini, nikaenda Kihanga.

Nilimkuta sebuleni. Mkono wa kulia umelazwa mapajani juu ya kitambaa. Wa kushoto sikuuona, mpaka nilipotazama vizuri. Alikuwa ameukalia.

"Shikamoo, Mwalimu."

"Marahaba, tajiri."

Nikakisukuma kiti mpaka mbele yake, nikakizungusha, nikamwonesha breki. Mama alikuwa anachagua maharage kwenye ungo, pembeni. Mwalimu alikitazama kiti kwa muda mrefu.

"Kazi safi," akasema. "Ulipokitengeneza ulimwona nani?"

"Nilikuona wewe."

"Hapana. Mimi simo humu. Humu kuna mtu anasukumwa, amefungwa mkanda, analishwa. Umemwona mgonjwa."

Nilitaka kukasirika. Nilikuwa nimetoka mbali, na mafuta ya gari hayaokotwi. Lakini nilipoutazama ule mkanda sikuweza kusema nilimpimia yeye. Kifua chake nilikijua, nilikaa naye miaka. Mkanda ule ungemtosha mtu yeyote asiyejiweza. Kisha nikavuta kigoda nikakaa mbele yake.

"Sawa. Na wewe, Mwalimu, ukisema mkono, umeuona upi?"

Mama aliacha kuchagua maharage.

"Watu wanakuja hapa wanakupa pole kwa mkono wako uliochukuliwa," nikasema. "Mimi nilikuona asubuhi ile na randa. Uliochukuliwa ni ule uliokuwa unawamwagia kuku kahawa. Wako huo hapo, umeukalia."

"Huu ni wa kushika kiwiko."

"Kiwiko gani? Hicho hapo kimelala. Hakishikiki tena."

Niliona maneno yamekwenda vibaya, ila yalikuwa yameshatoka. Alitazama mlangoni. Kule nje, ng'ambo ya ua, karakana ilikuwa imefungwa kwa kufuli.

Mama akainuka, akaingia chumbani, akatoka na kile kikapu. Akakiweka mapajani mwa mumewe, juu ya ule mkono uliolala.

"Mgeni hajapewa kahawa," akasema, akarudi kwenye ungo wake.

Kuku mmoja alisikia, akaja akasimama kizingitini.

Nikanyoosha mkono kupokea. Nilinyoosha wa kushoto. Sijawahi kumfanyia mtu mzima kitu kama kile, na naamini mama yangu aligeuka kaburini.

"Baba yangu angekuchapa," Mwalimu akasema.

"Angenichapa kwa mkono upi?"

"Wa kulia, bila shaka."

"Basi angenikosa, kama wewe na misumari."

Mdomo ulimcheza upande mmoja, ule ulio hai. Akaegemea mbele, akauchomoa mkono. Ulikuwa umekufa ganzi kwa kukaliwa; akaukunja vidole, akaukunjua, akaungoja. Halafu akashika ncha ya mfuniko akafungua, akachota, akaleta mpaka kwenye kiganja changu bila haraka. Hakuna punje iliyoanguka. Nilitafuna. Alichota nyingine, akatia kinywani mwake.

Kuku alingoja kidogo, akaona leo hakuna kitu, akaondoka. Mama naye aliondoka, akaruka kizingiti cha jikoni, na aliporudi alikuwa amebeba sahani mbili.